Mwalimu wa Mulima wa Baharini

Mimi majina hayanipotei. Niulize nani alikaa wapi siku ya ubatizo wa mutoto wa Mama Jacqueline, nitakutajia wote, hata wale waliokuja bila kualikwa. Niulize ng'ombe za Papa Théoneste, yule mufugaji aliyekuwa akituletea maziwa toka milimani: Gaju, Bihogo, na ile ya pembe moja waliyoiita Mugeni. Shule nilisoma mpaka troisième primaire, darasa la tatu tu, halafu jembe likanichukua. Lakini majina yalibaki yote.

Jina la huyu mwalimu pia ninalijua. Ninajua la ubatizo, ninajua la baba yake, ninajua na lile wanafunzi walimuitaka akigeuka kuandika kwenye tableau. Sitaandika hata moja. Unaweza kusoma mpaka mwisho, hautalipata. Nimeamua hivyo kichwa changu kikiwa kizima, na padri nilishamuambia.

Alifundisha géographie kwetu Nyabiondo, kwenye sekondari ile ya juu ya kilima, miaka mingi. Alikuwa mwembamba, shingo ndefu, na alicheka kwa pua, kinywa kimefungwa, kama muntu anayezuia chafya. Viatu vyake vilikuwa vyeusi vya kung'aa. Nyabiondo ni matope, wote tunajua, na yeye alitoka nyumbani amevaa bottes za mupira, viatu amevibeba kwenye mufuko wa plastiki. Akifika mulangoni kwa darasa anaketi kwenye jiwe, anavua bottes, anavaa viatu, anaingia. Mvua ao jua, hivyo hivyo. Chaki aliziweka kwenye mufuko wa shati, upande wa moyo, na pale palikuwa peupe siku zote. Bibi yake wa ndoa, Mama Pélagie, alifua shati zile mpaka akachoka, akaacha peupe pabaki peupe.

Nitaanza na mema yake, kusudi muntu asiseme huyu mama mukongwe anachukia bila kuangalia.

Kila musimu wa mvua, udongo ukishashiba maji, alizunguka milimani na fimbo moja na kamba. Akiona majani yamepasuka na ardhi imefungua kinywa, anapiga kijiti upande huu wa ufa na kijiti upande ule, anafunga kamba katikati. Wiki inayofuata anarudi. Kamba ikiwa imekazika, maana yake mulima unatembea. Watu walimuchekelea. Papa Matata, shemeji yangu, alisimama barabarani akasema kwa sauti:

"Muone, Mwalimu anafunga mulima kamba sawa mbuzi."

Yeye akajibu bila kugeuka: "Mbuzi inaliaka ikitaka kukimbia, Papa Matata. Mulima haitakuita."

Mwaka mumoja kamba ilikazika juu ya nyumba ya Papa Bauma. Mwalimu akaenda kumuambia ahame. Papa Bauma akasema babu yake alizaliwa pale, na mulima ule ulimujua babu yake. Mwalimu hakubishana. Akaketi mbele ya mulango. Wakamuletea viazi, akakataa. Wakamuletea maziwa, akakataa. Kwetu mugeni akikataa chakula mulangoni kwako, na majirani wanapita wanaona, ni kama amekupiga kofi sokoni. Siku ya kwanza Papa Bauma alivumilia. Siku ya pili bibi yake, Mama Espérance, alibeba mikeka akahamia kwa dada yake kwa sababu ya haya tu, si kwa sababu ya mulima. Papa Bauma akamufuata akitukana. Alhamisi ya wiki ile, saa ambayo watoto walikuwa shuleni, mulima ulishuka. Ulimeza nyumba, ukameza jiko, ukameza muti wa avoka. Kuku mumoja alitoka kwenye matope akijikunguta. Papa Bauma akamubebea Mwalimu yule kuku. Mwalimu akamurudisha: "Huyu alijiokoa mwenyewe."

Huo njo wema wake. Niliuona kwa macho yangu. Nimeuandika, sasa nauweka pembeni.

Alikuwa na somo moja alilolipenda kuliko yote, na shule nzima ililingojea kama Noeli. Siku ile alikwenda kuazima bassine ya buluu ya Mama Jacqueline, aliyekuwa akiuza beignets, maandazi ya mafuta, karibu na shule. Anaijaza maji. Anaiweka mbele ya darasa. Juu ya ukingo wa bassine anaweka ubao, juu ya ubao bonge la udongo kubwa kama kichwa cha mutoto. Anasema: mbali, katikati ya bahari kubwa, iko kisiwa, na kile kisiwa ni mulima wa moto, ndugu ya hii yetu inayotoa moshi kule nyuma ya Sake, ila miguu yake imesimama ndani ya maji. Upande mumoja wa ule mulima umepasuka. Siku moja nusu nzima itaanguka baharini kwa mara moja. Maji yatasimama marefu kupita kanisa, kupita kilima, na yatakimbia kama ndege inavyokimbia, yatavuka bahari yote mpaka ngambo ya dunia, yatakuta watu wa miji mikubwa wanakunywa chai yao.

Halafu anainamisha ubao. Bonge linaanguka, maji yanaruka, banc ya mbele, ile benchi ya kwanza, inalowana. Wanafunzi wanapiga kelele mpaka Préfet Longin, mukubwa wa shule, anatoka ofisini. Wakubwa waliwaonya wadogo zao wasikae mbele siku ya bassine. Mwaka mumoja hata mimi niliacha jembe, nikasimama dirishani pamoja na Mama Jacqueline, aliyekuja kuangalia bassine yake. Sitadanganya, niliogopa. Mchana wote nililima nikigeuka kuangalia mulima.

Sasa binti yangu.

Bwana yangu, Papa Anselme, Mungu amuweke, alichimba étang bondeni chini ya shamba letu, bwawa la kufuga tilapia. Alichimba kwa mikono, mimi nikabeba udongo kichwani, na udongo ule njo tuliutengenezea ukingo wa kuzuia maji. Binti yangu alikulia kwenye ule ukingo. Akiwa mudogo, mvua ikibomoa kando, yeye anaketi anaangalia duara za maji zinavyokwenda, anasahau na kula. Mutoto wa kuangalia. Akiwa mwaka wa tano wa sekondari alikuwa na pointi za hesabu na géographie kupita wavulana wote, na mwaka unaofuata angefanya mutihani wa Serikali. Aliniambia anataka kwenda mbele, kusoma mambo ya udongo na mawe. Nikamuambia udongo unaujua tayari. Akasema, "Mama, naujua na miguu. Nataka kuujua na kichwa."

Siku ya bassine alikuwa banc ya tatu, karibu na dirisha. Yaliyosemwa nimeyapata kwa Sifa, mutoto wa Mama Jacqueline, aliyekaa naye banc moja, na Sifa hana tabia ya kuongeza chumvi.

Bonge likaanguka, watu wakapiga kelele, binti yangu akainua mukono.

"Mwalimu, swali."

"Sema."

"Kwetu kwa étang, udongo ikianguka, mwenye iko karibu analowana mpaka kichwa. Mwenye iko ngambo anaona tu maji inatetemeka kidogo. Sasa bahari yote ile, wimbi haitachoka njiani?"

Binti yangu akaendelea, maana hakujua kwamba hapo ndipo angepaswa kuacha.

"Tena, kwetu mulima inaangukaka vipande vipande. Leo kipande, kesho kipande. Ule wa baharini, nani alisema itaanguka yote mara moja?"

Mwalimu akacheka kwa pua. Akageukia darasa.

"Tuko na mugeni leo. Mumusalimie Madame Étang. Anafuga tilapia tatu, sasa anakuja kunifundisha bahari."

Wakacheka. Si Sifa, Sifa anasema yeye hakucheka, na mimi nimekubali kumuamini. Binti yangu hakuketi.

"Lakini Mwalimu, haujajibu."

Maneno matatu. Mwalimu akamutoa nje. Kwenye bulletin ya pointi zake, mahali pa conduite, yaani tabia, akamuandikia zero, na pembeni: *anabishana na mwalimu*. Préfet Longin akatuita mimi na Papa Anselme, akasema mutoto aandike barua ya kuomba musamaha, yaishe. Binti yangu akasema, "Musamaha ya nini? Niliuliza." Préfet akamuangalia Mwalimu. Mwalimu alikuwa anapangusa kiatu chake na kidole. Angesema neno moja, mutoto angerudi banc yake. Aliendelea kupangusa.

Papa Anselme alikuwa muntu wa haya. Alisema kama shule inatoa zero ya tabia, basi shule imekwisha. Mwaka ule ule tukamutoa binti yangu aolewe na mwana wa Papa Éloi, wa Walikale, muuzaji wa mafuta ya ngazi, yale mekundu ya mawese. Siku ya kwenda alipita mbele ya shule juu ya motari, pikipiki ya kukodi, na wavulana wa darasa lake, Christophe na Bienvenu na yule Gédéon mwenye masikio, wakapiga kelele, "Kwaheri, Madame Étang." Nilikuwa kwenye motari ya pili na masufuria yake. Nikawaandika kichwani, mumoja mumoja. Lakini juu yao nilimuandika yule aliyewapa neno la kusema.

Papa Déogratias, mukatekista wetu, alikuja nyumbani kunikumbusha kusamehe. Nilimukaribisha, nikamupa chai, nikamuambia: "Nitasamehe. Kwanza nimalize." Akauliza nimalize nini. Nikamuongezea sukari.

Nilianza na maharage. Kila mavuno wazazi tunapeleka kikapu kwa walimu. Sasa, kuna maharage yanayokataa kuiva. Unaweza kuyapikia kuni za wiki, yanakuangalia tu. Mukulima wa kwetu anayajua kwa kuyashika, bila kuonja. Nilimuchagulia Mwalimu yale, moja moja, kikapu kizima, juu nikafunika na mazuri. Mama Pélagie alipika toka asubuhi. Jumapili inayofuata Mwalimu akanikuta nje ya kanisa.

"Mama, aksanti ya maharage. Yananifundisha uvumilivu."

"Njo kazi ya mwalimu, kufundisha," nikasema. "Leo ufundishwe kidogo."

Akacheka kwa pua. Hapo nikamuuliza kitu kilichokuwa kikinikera toka zamani, maana huyu muntu wa mawimbi hakupanda mutumbwi hata siku moja. Walimu walipoitwa Bukavu kwa mafunzo, wenzake wote walipanda mashua pale Goma. Yeye alizunguka ziwa kwa barabara, akafika mafunzo yamekwisha, akarudi kwa barabara.

"Mwalimu, bahari uliiona lini?"

"Niliiona kwa kitabu, Mama."

"Kitabu ngapi?"

"Kimoja."

"Na étang yangu?"

"Étang yako sijakuja kuiangalia."

Nikasema ndani yangu: utakuja.

Kwetu siku ya kumwaga étang ni siku kubwa. Unafungua njia ya maji, étang inakauka, samaki wanabaki wanarukaruka kwenye matope, majirani wanashuka na vikapu kukusaidia kuokota, na kila mumoja anakwenda nyumbani na wake. Wakubwa wanawekewa viti. Hakuna anayekataa mualiko ule, hata adui. Nikamualika Préfet Longin, Papa Déogratias, wazazi, walimu wote. Nikamualika na yeye.

Mbele ya wageni kufika, nikawaita shemeji zangu, Papa Matata na Papa Bahati. Nikawaambia wanitengenezee jukwaa la migomba kando ya maji, juu yake wapange udongo mwingi, wa mikokoteni mizima, wafunge kamba ambayo ukiivuta jukwaa linainama. Papa Bahati akauliza udongo utoke wapi.

"Hapa hapa," nikasema, nikamuonyesha ukingo, upande wa nje. Ulikuwa karibu, tena laini.

Muone vile hasira inafanya. Mimi, niliyebeba ukingo ule kichwani, beseni kwa beseni, niliwaambia wanaume waukate. Hata mutoto mudogo wa Nyabiondo angejua ukingo wenye maji haukatwi. Papa Matata aliniangalia mara moja, lakini nilikuwa mukubwa wake, akachukua mupauro, akachimba.

Binti yangu alikuwa amekuja toka Walikale kututembelea, mutoto mugongoni. Nikamuweka ngambo ya étang, kwenye ukingo wa maji kabisa, na viatu vyake vya kanisani.

"Mama, unafanya nini?"

"Nakaribisha wageni."

Mwalimu akafika na mufuko wake wa plastiki. Akaketi kwenye jiwe, akavua bottes, akavaa viatu. Akipita juu ya ukingo akasimama, akainama, akachoma fimbo yake kwenye udongo, akachungulia.

"Keti, Mwalimu," nikamuita. "Leo haupimi, leo unakula."

Nilikuwa nimemuwekea kiti kizuri, cha mbele, chini ya jukwaa. Akaketi. Watu wakavua kofia, wakifikiri nitaomba sala.

"Mwalimu," nikasema, "kuna swali uliulizwa, haukujibu. Leo étang itakusaidia."

Nikavuta kamba mimi mwenyewe.

Udongo wote ukaingia mara moja. Maji yalisimama kama ng'ombe anavyoinuka, matako kwanza, halafu yote. Yalimupita kichwani. Kiti kilienda. Chaki za mufukoni ziligeuka uji, ukamushuka tumboni mpaka kwenye viatu. Wimbi likavuka étang kwenda ngambo, na macho ya watu wote yakalifuata. Lilimufikia binti yangu. Likagusa ncha ya kiatu, likarudi.

Mama Jacqueline aliketi chini kwenye majani kwa kucheka. Préfet alificha uso na kofia. Muntu mumoja, ninamujua, alikuwa Christophe, akapaza sauti: "Madame Étang amepata pointi zote." Na safari hii walichekea upande wetu.

Nilitaka kufanya na sehemu ya pili, ile ya vipande vipande. Sikupata nafasi. Ukingo ukalia. Muntu aliyewahi kuusikia ukingo ukilia hasahau. Ukafunguka pale pale nilipoukata, na étang yote, na tilapia za musimu muzima, ikashuka kwenye muhogo wa Mama Jacqueline. Watu wakatupa viti, wakakimbia na vikapu wakiimba. Mimi nikabaki nasimama mbele ya shimo.

Mwalimu akaja, anadondosha maji, ameshika tilapia moja kwa mikono miwili.

"Mama, hii ni yako."

Nikaipokea.

"Ule ufa niliuona wakati nafika," akasema polepole. "Ulinikataza kupima."

Akatazama shimo, akatazama mimi, kiburi kikamurudia kidogo.

"Lakini étang haiko bahari, Mama."

"Na bassine pia haiko bahari, Mwalimu."

Sauti ilikuwa ya binti yangu, amefika nyuma yetu, mutoto mugongoni. Wakaangaliana. Mwalimu aliachama kinywa, na mimi nikangoja. Binti yangu pia alingoja, shingo ameinyoosha. Palikuwa nafasi ya neno, hata dogo. Mwalimu akaangalia miguu yake.

"Nitaenda kubadilisha viatu," akasema, akaenda.

Mwisho wa mwaka alihama Nyabiondo. Wengine walisema alifukuzwa na kicheko, Préfet alisema ni mabadiliko ya kazi tu. Samaki wa musimu ule sikula ila yule mumoja. Mama Jacqueline alikula wiki nzima, tena alinialika. Nilikuwa na furaha. Papa Déogratias akisoma hapa atahuzunika, lakini iandikwe vile ilikuwa: nilikuwa na furaha, na ilidumu.

Halafu miaka ikaja, Papa Anselme akafa, risasi zikarudi milimani kwetu, tukashuka na godoro kichwani kama wengine. Sasa niko Walikale, kwa binti yangu. Bwana yake alimuacha na watoto wanne na bidons, yale madumu ya mafuta. Anauza sokoni, barabara ya kwenda Kisangani. Mimi naketi nyuma yake kwenye kiti kifupi, nachagua maharage.

Siku ya soko ya kwanza nilisikia sauti mbele ya kuona muntu. Mikono yangu ilisimama kwenye maharage. Alikuwa yeye, mukongwe, kandambili miguuni, na macho yake yote mawili yamekuwa meupe kama ule mufuko wa shati. Fimbo ni ile ile. Mama Pélagie alishakufa, nilikuja kujua baadaye. Binti yangu akachukua chupa yake bila kuuliza kiasi.

"Karibu, Papa Mwalimu."

"Aksanti, Mama Mafuta."

Nikamuvuta binti yangu nguo. "Anakuja hapa toka lini?"

"Toka miaka, Mama."

"Anakujua?"

"Ananijua. Miye Mama Mafuta."

Mwalimu akaketi juu ya bidon tupu, kama mahali pake. Mama Zawadi, anayeuza samaki ya moshi pembeni, akamuambia, "Mwalimu, tuhadithie ile mulima." Kumbe soko lote linaijua. Akaanza. Mulima wa moto, miguu baharini, ufa. Nikangoja bonge lianguke. Halikuanguka.

"Zamani," akasema, "nilifundisha kama itaanguka yote mara moja, na wimbi itavuka bahari. Nilikuwa na kitabu kimoja. Leo wenye elimu wanabishana. Kuna wenye wanasema itashuka vipande vipande, na wimbi itaua wa karibu lakini itachoka njiani. Wengine bado hawakubali. Mimi sijue. Lakini ile neno sikuisikia kwao mara ya kwanza. Niliisikia kwa mwanafunzi mumoja, kule Nyabiondo. Aliiona kwa étang ya samaki. Sijafundisha tena kichwa sawa ile."

"Anaitwa nani?" Mama Zawadi akauliza.

Mwalimu akagusa paji la uso.

"Jina ilinitoka. Tulimuitaka Madame Étang."

Binti yangu alikuwa hatua mbili toka kwake, ameshika mupira wa kumiminia mafuta. Hakumwaga hata tone.

Tusi alilitunza miaka yote hii. Jina akalipoteza. Anatembea sokoni na akili ya mutoto wangu mukononi, anaionyesha watu, na mwenyewe amekuwa *mwanafunzi mumoja*, kama kitu ulichookota njiani. Nikainuka.

"Mwalimu. Yale maharage iliiva?"

Akageuza uso polepole.

"Mama wa étang," akasema.

"Njo mimi."

"Mama, mutoto wako. Iko wapi? Jina yake nani? Nataka iandikwe. Niko na daftari nyumbani, mambo yote nilifundisha. Pale bado ni nafasi."

Nikamujibu. Nilianza banc ya kwanza: Christophe, Bienvenu, Jolie wa Papa Éraste. Banc ya pili: Gédéon, Mapendo, Dieudonné aliyekuwa na kigugumizi. Banc ya tatu, karibu na dirisha: Sifa, Noëlla. Banc ya ine...

Akainua kidole, kama mwanafunzi.

"Ya tatu ilikuwa na watatu. Umeruka mumoja."

"Sikumuruka, Mwalimu. Weye njo ulimutosha nje."

Alibaki ameinua kile kidole. Binti yangu akanitazama, hakuniomba kitu. Akajaza chupa, juu yake akaongeza kidogo, akafunga.

"Papa Mwalimu, mafuta yako."

Akaondoka anagongagonga na fimbo.

"Juu ya nini unamuongezea?" nikamuuliza binti yangu. "Na juu ya nini haumuambie?"

"Akinijua atalia hapa, Mama, batu ya kununua bakimbie." Akapangusa bidon na kitambaa, halafu akakunja kitambaa. "Tena njo yeye peke yake hapa Walikale mwenye anajua miye niliwazaka kitu siku moja. Muache aseme."

Nilimuachia hiyo. Lakini moyo wangu si kama wake. Toka siku ile, kila soko anakuja, ananunua, halafu anasimama mbele ya kiti changu. "Mama wa étang, ile jina." Namuambia, "Anza banc ya kwanza." Anaanza. Ya kwanza na ya pili anazijua sasa bila kukosea. Akifika ya tatu anakwama, nami nachagua maharage yangu. Watu wa soko wanafikiri ni muchezo wa wazee.

Wiki mbili zilizopita alikuja na daftari. Papa Innocent, anayeandika vitabu vya parokia, alimuandikia orodha yote.

"Mama Mafuta," akasema, "unisomee. Nilimuambia Papa Innocent aache mustari mumoja bure kwa banc ya tatu. Angalia kama aliacha."

Binti yangu akapangusa mikono kwenye pagne yake ya kitenge. Akasoma ukurasa ule polepole, midomo yake inatembea. Halafu akachomoa bic kwenye kitambaa chake cha kichwa, ile anayoandikia watu wa oda, akainama juu ya bidon, akaandika. Haikuchukua muda. Alirudisha bic kichwani.

"Aliacha, Papa Mwalimu."

"Aksanti, Mama." Akakunja daftari, akaliweka kwenye mufuko wa shati, upande wa moyo, pale chaki zilikaaka.

Jina liko pale. Siku moja muntu atamusomea, na siku hiyo ningependa niwe nimeketi karibu nione uso wake. Kwa sasa anatembea nalo. Soko la jana akaja tena, akanunua, akasimama mbele ya kiti changu, mukono juu ya mufuko.

"Mama wa étang, ile jina."

"Anza banc ya kwanza, Mwalimu."

Akaanza.

Binti yangu anaitwa Furaha Solange.